Wamenipa dakika tatu

Amu, Ijumaa baada ya swala

Ndugu yangu Shee,

Assalaam alaykum. Huku wazima sote, alhamdulillahi, ila mama na magoti yake. Najua nimenyamaza tangu Idi, na najua utasema sikukumbuki mpaka nipatwe na shida. Kweli nina shida. Lawama zako niwekee, nitakuja kuzichukua Mombasa mwenyewe.

Jumatano kuna baraza la usalama. Wakubwa wanakuja, wanataka maoni ya wananchi. Wazee wa BMU, ile kamati ya wavuvi ya ufuoni, wakatazamana, wakasema Athman ndiye aliyesoma, aseme yeye. Aliyesoma! Cheti changu wewe unakijua. Nimepewa dakika tatu, na Bwanaheri peke yake humaliza tano kwa salamu.

Nimekaa na kalamu siku ya pili hii, na kila nikianza naishia kwa Famau. Sijui kama habari zake zilikufikia. Usiku mmoja upande wa Kiwayu aliona mashua haina taa, injini imezimwa, watu wamelala chini kama magunia. Famau humfichi chombo. Hata gizani, kwa mlio wa injini tu, hukwambia ni cha nani na fundi gani aliigusa mara ya mwisho. Akapiga ile namba tuliyogawiwa. Asubuhi wakaja kumchukua yeye. Kalala kituoni siku mbili, kituo sikitaji, swali ni lile lile: umejuaje kuwa si mashua ya huku? Alipotoka alifua kikoi chake akarudi baharini, hakumlaumu mtu. Lakini tangu siku hiyo ukimuuliza ameona nini huko nje, jibu lake ni moja: mawimbi.

Hilo ndilo langu la Jumatano. Ila nikilisema vibaya nitaambiwa natetea wahalifu.

Na mimi sikatai kuwa hatari ipo. Yule Mwingereza aliyeuawa Kiwayu Septemba 2011, mkewe akapelekwa Somalia, mimi nilikuwa nauza kamba wa baharini kwenye hoteli za huko. Wiki chache baadaye wakaja Manda, hapo ng'ambo, wakamchukua yule mama Mfaransa asiyeweza hata kutembea. Oktoba hiyo hiyo jeshi letu likavuka mpaka kuingia Somalia, kuwafuata Al-Shabaab. Halafu Mpeketoni, Juni 2014, watu wametulia wanatazama Kombe la Dunia, kufika asubuhi waliouawa wanahesabiwa kwa makumi. Mwalimu wetu wa hesabu mpaka leo haangalii mpira usiku. Kwa hiyo askari waje, na wabaki. Ninachouliza ni wanatazama kwa macho ya nani.

Unakumbuka tulipokatazwa kuvua usiku? Jarife la baba lilikuwa jipya, halijamaliza msimu. Jarife ni wavu wa usiku, hutegwa magharibi ukavutwa alfajiri. Mchana samaki anauona anapita kando, labda umpate aliyechoka kuishi. Baba alilitega mchana kwa wiki mbili, akapata majani ya bahari na kiatu. Akalikunja akalitia stoo. Nililitoa mwaka jana: panya wamefanya vitanda mle, na kamba ukiivuta inakatika kama uzi uliooza. Baba alisimama mlangoni akatazama, akasema tu, "Jarife hilo nilikuwa nimelilipia nusu tu." Deni alimaliza kulipa kwa kuuza mbuzi.

Na usiku ule ambao hatukuwepo baharini, nani alikuwepo? Hapo ndipo ninapotaka wanijibu. Boti za doria ni chache, na mlango wa bahari wa Mkanda huujui kwa ramani. Kuna siku (hili huenda nisiliseme barazani, watu watacheka) maji yalitoka wakakwama funguni, juu ya mchanga, askari sita na bunduki zao, jua la saa saba. Tukawapelekea maji na wali wa jana. Mmoja kijana wa bara, amekumbatia jaketi lake la kuokolea, akaniuliza kwa sauti ya chini, "Mzee, hapa kina ni kiasi gani?" Kina, Shee! Kunguru walikuwa wanatembea. Baba akawaonyesha wapi pa kupita maji yakijaa. Tulipoachana akanambia, "Hawaiyui bahari hawa, na mwenyewe hawamuulizi." Kijana yule sikumcheka sana, alikuwa na hofu ya kweli, na kaletwa mbali na kwao alinde mahali asipopajua.

Waboni, wale watu wa msitu wa Boni, hali ni ile ile, pengine mbaya zaidi. Operesheni ya Linda Boni, ya kuwasaka Al-Shabaab msituni, ilipoanza 2015 tuliambiwa siku 90. Siku zikaisha, miaka ikaingia, jina likabadilishwa ikawa Amani Boni. Huko Basuba, kwa Waboni, shule zilifungwa, na mtu aliyekuwa anaingia msituni kurina asali akawa anaogopa pande mbili. Sasa nani anaujua msitu ule kumshinda mrina asali? Tena pande mbili ndiyo hali ya Famau pia: akisema, serikali inamuuliza amejuaje, na wale wengine wakisikia amesema, hawaulizi kitu. Hilo sijui nilitie wapi katika dakika tatu.

Ndiyo maana nakuandikia wewe unayefanya kazi kwa mawakili. Nasikia Kifungu cha 238 cha Katiba kinasema usalama wa taifa si mipaka tu, ni watu pia, na haki zao, na mali zao, na kwamba vyombo vya usalama viheshimu tamaduni za jamii. Nataka maneno yenyewe, kwa Kiswahili, niyasome yalivyo. Nikisema "mali zao" nitainua kipande cha jarife. Mke wangu anasema nisithubutu, kinanuka panya.

Pia Famau amenikataza kumtaja. Nikisema "mvuvi mmoja", Amu nzima itamgeukia kumtazama, na wakubwa wataona wanakotazama. Nikiacha kabisa sina la kusema, nitabaki kuwashukuru kwa kuja kama kila mwaka.

Sasa nijibu upesi. Niiseme habari ile kama imetokea Pate, au ni uongo huo? Sheria inamlinda vipi mtu aliyepiga simu, au haimlindi? Nikiomba kila anayeripoti aandikiwe karatasi kuwa ameripoti, ni ombi la kijinga? Wewe ungeanza na Famau au na jarife? Yule wakili wenu Mdigo bado yupo, na hutoza kwa swali moja? Na wewe mwenyewe, lile jino uling'oa? Mwanaidi amejifungua? Utakuja maulidi, au tena utasema basi linachelewa kwa msafara wa polisi?

Nitumie kwa simu kabla ya Jumanne usiku, umeme ukiwepo.

Wako,
Athman