Dakika 20, shilingi 60,000: tulichofanya pale dukani

Mteja wetu mwenye stesheneri Kariakoo ameniandikia: "Fundi, umebonyeza-bonyeza dakika 20 tu, halafu 60,000?" Imeniuma, maana si wa kwanza kusema hivyo.

Kwake intaneti ilikuwa inakatika kwenye baadhi ya kompyuta tu. Ukizima na kuwasha inarudi, baadaye inapotea tena. Alishabadilisha kebo, akanunua kifurushi kikubwa zaidi, akagombana na watoa huduma. Kumbe alikuwa amechomeka ruta (kifaa cha kusambaza intaneti) ya mtumba ili Wi-Fi ifike stoo, na ruta zote mbili zilikuwa na anwani moja: 192.168.1.1.

Ndani ya ofisi, anwani kama hiyo, iitwayo IP, peke yake haifikishi mzigo. Inahitajika pia anwani ya MAC, ile ya tarakimu na herufi 12 ambayo kifaa hutoka nayo kiwandani. Kwa hiyo kompyuta hupiga mbiu kwa wote: "Nani mwenye 192.168.1.1?" Mwenyewe hujibu kwa MAC yake, nayo kompyuta huliandika jibu kwenye jedwali lake na kulitumia kwa muda. Utaratibu huo ni ARP, aliouandika David Plummer mwaka 1982, na hauna namna ya kumhakiki anayejibu. Wakijibu wawili, mara nyingi jibu la mwisho hufuta la kwanza. Kompyuta iliyoiandika ruta ya mtumba ilikuwa inapeleka kila kitu kwenye kifaa kisicho na intaneti. Ukiizima kompyuta hiyo jedwali linafutika, inauliza upya, na ikibahatika inampata wa kweli.

Nilifungua dirisha la amri (Command Prompt), nikaandika arp -a, amri inayoonyesha jedwali hilo, kwenye kompyuta ya kaunta, kisha ya stoo. IP ile ile, lakini MAC moja inaishia 3f, nyingine c8: yaani vifaa viwili vinadai anwani moja. Ruta ya pili nikaipa 192.168.1.2, nikazima DHCP yake (inayogawa anwani za IP kwa vifaa), nikabandika lebo. Kubonyeza ni dakika 20. Kujua pa kubonyeza ndiko unakolipia.

Zahanati moja ilimwachia kijana wa jirani aandike anwani kwa mkono kila mashine. Printa ikagongana na kompyuta ya mapokezi, zote zikiwa na anwani moja. Wakanunua printa mpya, wakaipa anwani ile ile!

Kabla hujatupigia, andika arp -a kwenye dirisha la amri la kompyuta mbili. MAC ya ruta ikitofautiana, chomoa kifaa kilichoongezwa mwisho, uzime kompyuta na kuwasha. Ikitulia, hatukudai hata senti.