SGR ikifika Kigoma, dirishani tutanunua nini?

Mhariri, salamu toka huku mwisho wa reli.

Mimi treni ya Kigoma-Tabora nimeanza kuipanda enzi nauli analipa baba, na kwangu mimi treni hii ni dirisha. Nguruka unatoa kichwa nje unaletewa samaki wa kukaanga, Uvinza chumvi, ukikaribia Tabora asali kwenye chupa ya maji, mnabishana bei mpaka treni inaanza kutembea na mama anakimbia na chenji yako (mara nyingi anakufikia, siku nyingine ndo imetoka hiyo). Sasa SGR ya Tabora-Kigoma inajengwa, kilomita 506, nani asiyefurahi, ila mie nishapanda ile ya Dar-Dodoma na kule madirisha hayafunguki, kiyoyozi mwanzo mwisho. Hapo ndo nikaanza kuwaza.

Kuna kireli Japani kinaitwa Choshi, kilomita 6.4 tu, yaani kama unatoka Kigoma mjini kwenda Ujiji hivi, stesheni 10, kipo toka 1923. Choshi nako ni mji wa wavuvi kama kwetu. Abiria walipungua nauli ikawa haitoshi, basi mwaka 1995 shirika la reli lenyewe likaanza kuuza biskuti za mchele zilizochovywa kwenye sosi ya soya, kwa sababu Choshi ndo kwenye viwanda vya hiyo sosi, biskuti zenyewe laini hata bibi asiye na meno anakula. Wanaziita nure-senbei. Mwaka 2006 ikakosekana hata hela ya ukaguzi wa mabehewa, wakawaomba watu hadharani bila kuona aibu kwamba nunueni biskuti zetu tupate hela ya kutengeneza treni. Oda zikamiminika, treni ikatengenezwa, na mpaka leo vyakula vinawaingizia kuliko nauli. 2018 wakatoa kitafunwa kingine jina lake ni kama kusema "siyo kitamu", wanajitania kwamba kibaya ni hali ya kampuni, hahaha, hao jamaa nimewakubali.

Sisemi SGR iendeshwe kwa dagaa, ile ni reli ya mizigo mizito. Nachosema chumvi ya Uvinza, asali, mawese, dagaa na migebuka mikavu vipakiwe vizuri vipigwe nembo ya reli viuzwe stesheni na ndani ya behewa, na wauzaji wa kwanza kununuliwa mzigo wawe hawahawa kinamama wa dirishani. Mtu atasema dagaa watanukisha behewa. Kweli, wananuka, ndo maana nimesema vipakiwe.

Kwa hiyo naomba wahusika watujibu kupitia gazeti hili, kwenye ramani ya stesheni mpya ya Nguruka yule mama wa samaki amepangiwa kukaa wapi?

Msafiri wa siku nyingi,
Mwanga, Kigoma