Ndoa za jinsia moja Afrika Kusini: walioandika sheria ni wabunge

Mhariri,

Katika makala yenu ya juma lililopita kuhusu haki za ndoa barani Afrika, mwandishi alieleza kwamba ndoa za watu wa jinsia moja zilihalalishwa Afrika Kusini na majaji, na kwamba wabunge hawakuwa na la kusema. Kauli hiyo nimeisikia mara nyingi, hata barazani kwetu hapa Mombasa, na naomba nafasi niirekebishe.

Ni kweli kwamba tarehe 1 Desemba 2005 Mahakama ya Katiba, katika shauri lililoanzishwa na wanawake wawili waliotaka kuoana, ilitamka kuwa sheria ya ndoa ilikuwa inakwenda kinyume cha Katiba. Kasoro ilionekana katika maana ya zamani ya ndoa kuwa ni ya mwanamume na mwanamke, na katika maneno machache ya kiapo kilichomo katika Sheria ya Ndoa ya mwaka 1961, yanayomtaka kila mmoja ampokee mwenziwe kuwa mke au mume wa halali. (Sisi wenye Kiswahili tungepata taabu zaidi, kwa kuwa kwetu mume huoa na mke huolewa, bahati nzuri lipo neno kuoana.)

Lakini mwandishi wenu angeendelea kuisoma hukumu hiyo hadi mwisho, angekuta jambo alilolipita. Jaji Albie Sachs, aliyeiandika kwa niaba ya wenzake, aliisimamisha amri ya mahakama kwa miezi 12 ili Bunge lenyewe lirekebishe kasoro, na akaagiza kwamba maneno “au mwenzi” yangeingia katika kiapo kile endapo tu mwaka ungekwisha bila Bunge kufanya lolote. Jaji Kate O’Regan alitofautiana nao katika hilo peke yake, kwani aliona mahakama ingefaa kuisahihisha sheria papo hapo, na hakufuatwa. Kwa hiyo lile ambalo majaji wanalaumiwa kwalo ndilo walilokataa kulifanya. Zaidi ya hapo, Sachs alilionya Bunge lisije likatunga utaratibu wa pembeni kwa kisingizio cha “mbalimbali lakini sawa”, onyo ambalo halikuhitaji maelezo katika nchi iliyokuwa imetenganisha watu kwa sheria hadi katika mabenchi ya bustani.

Na hicho ndicho mswada wa kwanza wa mwaka 2006 ulichokaribia kukifanya, kwa kuwawekea watu wa jinsia moja mlango wao peke yao, mbali na ndoa ya wengine. Vikao vya kukusanya maoni vilifanyika mikoani, na wengi waliosimama kusema, wakiwamo viongozi wa dini na wa kimila, waliupinga kwa ukali. Mswada ulirekebishwa, ukawa wazi kwa wachumba wa aina yoyote, wao wenyewe wakichagua muungano wao uitwe ndoa au ushirika wa kiraia. Tarehe 14 Novemba Bunge la Taifa liliupitisha kwa kura 230 dhidi ya 41. Chama tawala cha ANC hakikuwaachia wabunge wake wapige kura kwa dhamiri zao, jambo ambalo kwa maoni yangu ndilo linalostahili kujadiliwa na wanaotilia shaka uhalali wa kura ile, kuliko hadithi ya majaji. Kaimu Rais Phumzile Mlambo-Ngcuka alitia saini, na sheria ikaanza kutumika tarehe 30 Novemba 2006, siku moja kabla ya muda kwisha.

Hata katazo la kubagua watu kwa mwelekeo wao wa kimapenzi, ambalo hukumu ile iliegemea, halikubuniwa mahakamani. Lilikuwamo katika katiba ya mpito ya mwaka 1993, na likabakizwa katika Katiba ya mwaka 1996 na wawakilishi waliochaguliwa kwa kura.

Bunge hilohilo liliacha pengo. Kifungu cha 6 cha sheria hiyo ya mwaka 2006 kiliwaruhusu maofisa wa serikali wanaofungisha ndoa kukataa, kwa maandishi na kwa sababu ya dhamiri, kuwafungisha watu wa jinsia moja. Kiongozi wa dini kuwa na uhuru huo naielewa, na anao hadi leo. Karani anayelipwa kwa kodi ya wote ni jambo jingine. Kifungu hicho kilidumu miaka 14, kikafutwa mwaka 2020 kwa mswada binafsi wa mbunge wa upinzani, Deidre Carter. Mahakama haikukigusa.

Nayaeleza haya kwa sababu makala yenu ilimalizia kwa hofu kwamba majaji wetu wa Kenya wanaweza kufuata nyayo hizo. Ibara ya 45(2) ya Katiba tuliyoipitisha kwa kura ya maoni mwaka 2010 inampa kila mtu mzima haki ya kufunga ndoa na mtu wa jinsia tofauti na yake, na katika orodha yetu ya misingi ya ubaguzi iliyokatazwa, mwelekeo wa kimapenzi haukutajwa kwa jina. Majaji wa nchi hizi mbili hawasomi andiko moja. Naomba marekebisho hayo yachapishwe mahali palepale makala ilipotokea.

Msomaji wenu,
Mombasa