Lebo ya mvinyo wa Ufaransa: tafuta eneo, utaijua zabibu

Mteja anayependa mvinyo wa zabibu nyeupe ya Chardonnay akionyeshwa chupa ya Chablis, mara nyingi huirudisha rafuni kwa kuwa neno Chardonnay halimo kwenye lebo. Kumbe Chablis yote ni Chardonnay tupu! Sehemu kubwa ya Ufaransa huandika mahali, si zabibu, maana kanuni za AOC (za kulinda jina la eneo mvinyo unakotoka), zilizoanza mwaka 1935, zimekwisha kupanga zabibu zipi zitumike eneo lipi. Eneo la Alsace ndilo hutaja zabibu waziwazi: Riesling, Gewürztraminer.

Chablis iko katika eneo la Bourgogne, upande wa kaskazini wenye baridi, na mvinyo wake ni mkavu (usio na utamu) wenye uchachu kama wa ndimu. Shuka kusini hadi Meursault: zabibu ni ileile, lakini hukomazwa kwenye mapipa ya mwaloni, kwa hiyo mvinyo hunenepa mdomoni na kunukia siagi. Samaki wa kukaanga mpe Chablis. Kuku wa mchuzi mzito mpe Meursault. Mwekundu wa Bourgogne ni Pinot Noir. Rangi yake nyepesi haina maana kwamba umetiwa maji. Ganda la zabibu hiyo ni jembamba.

Jina moja huwakosesha wengi. Pouilly-Fuissé ni Chardonnay ya Bourgogne. Pouilly-Fumé ni Sauvignon Blanc ya bonde la Loire. Soma hadi herufi ya mwisho kabla ya kulipa.

Eneo la Bordeaux huchanganya zabibu. Sehemu yake ya Médoc ina changarawe inayotunza joto, ndiyo maana Cabernet Sauvignon, ambayo huchelewa kuiva, huiva vizuri pale. Ukiwa haujakomaa, mvinyo wake hukausha ulimi na ufizi kwa sababu ya tanini, ukakasi utokao kwenye maganda na mbegu za zabibu. Umimine kwenye jagi saa moja kabla, uunywe na nyama yenye mafuta. Saint-Émilion na Pomerol, nazo za Bordeaux, zina udongo wa mfinyanzi ulio baridi zaidi, na huko Merlot ndiyo inayotawala. Kwa anayeanza kunywa mwekundu, sisi humshauri aanzie hapo.

Mwekundu wa bonde la Rhône kaskazini ni zabibu ya Syrah, yenye harufu ya pilipili manga. Kusini Grenache huongoza mchanganyiko.

Kwa harusi, angalia neno lililo kwenye lebo ya Champagne, maana huonyesha kiasi cha sukari. Brut ina sukari chini ya gramu 12 kwa lita, hivyo ukiinywa na keki itaonekana chachu hata kama ni ya bei kubwa. Kwa keki chagua Demi-Sec, yenye gramu 32 hadi 50.

Na mwekundu usiunywe ukiwa na joto la chumba cha Dar es Salaam. Kwenye nyuzi 30 kileo hupanda puani na kufunika harufu ya zabibu. Weka chupa ya Bordeaux kwenye friji hadi ishuke karibu na nyuzi 18. Ya Pinot Noir iongezee dakika 15.