Barua kwa Wazazi: Mafumbo ya Uwiano

Ndugu wazazi na walezi,

Salaam. Muhula umekwisha na ripoti za watoto mmeshazipata. Safari hii sitazungumzia nani ameshika nafasi ya ngapi. Nimepitia karatasi za hisabati mwenyewe, na kuna kosa moja limejirudia mno kiasi kwamba siwezi kulinyamazia.

Swali lilikuwa hili: rangi ya buluu na nyeupe zimechanganywa kwa uwiano wa 2:3. Ikiwa buluu ni vikombe 8, nyeupe ni vikombe vingapi? Wengi waliandika 9. Kutoka 2 hadi 8 waliona imeongezeka 6, basi na ile 3 wakaiongezea 6. Kujumlisha kwenyewe hakuna kosa, ndiyo maana mtoto haoni alipopotea. Lakini vikombe 8 kwa 9 ni karibu nusu kwa nusu. Hiyo ni rangi nyingine kabisa, imekolea zaidi. Buluu imezidishwa mara 4, kwa hiyo nyeupe nayo ni 3 mara 4, yaani 12.

Tuliwahi mno kuwapa kanuni, hilo nakiri. Sasa walimu wanaanza na visanduku vilivyochorwa, kila kimoja kikibeba kiasi sawa. Chukueni wavulana kwa wasichana, 3:5, yaani visanduku 3 vya wavulana na 5 vya wasichana. Fumbo likisema wanafunzi wote ni 40, hiyo 40 inagawanywa kwa visanduku 8, na wavulana ni 15. Likisema wasichana ni 40, inagawanywa kwa 5, na wavulana ni 24. Likisema wasichana wamewazidi wavulana kwa 40, hapo ni visanduku 2 tu, na wavulana wanafika 60. Namba ni ile ile, majibu matatu! Mtoto anayekimbilia kukokotoa kabla ya kusoma hadi mwisho atapata moja kwa kubahatisha.

Kwa hiyo likizoni, kabla hajaandika chochote, muulizeni: "Hii 40 ni ya nani?" Asipoweza kujibu, alisome fumbo tena kwa sauti. Njia ya mkato mnayoikumbuka kutoka enzi zenu naomba isubiri kwanza.

Kila mtoto amepewa mafumbo 10 ya kufanya kwenye daftari lake. Akikosea, msimfutie. Mwalimu atayapitia siku ya kufungua shule, na anataka kuona mtoto alivyofikiri.

Wenu,
Mwalimu Mkuu