Mdogo wangu, hilo jembe liache nyumbani

Mdogo wangu, salamu. Nimeiona picha uliyotupia kwenye grupu la familia, nyoka wa njuga, yule mwenye sumu anayetikisa mkia ukalia, amejikunja kando ya njia huko milimani juu ya Ogden, mji wa jimbo la Utah, Marekani, na chini umeandika kesho unarudi na jembe. Watu wote wakakushangilia. Mi nilikaa kimya maana niliyo nayo ni marefu, nimeona bora niyaandike hapa wazi ili na wenzetu wengine walioletwa na maisha Utah, Idaho na Colorado wayasome.

Najua tulivyolelewa, kwetu nyoka akionekana tu kila mtu anatafuta fimbo, na kwa kifutu anayelala njiani gizani mtu unaelewa kwa nini. Huyu wa njuga ni wa ukoo mmoja na kifutu, ila jamii yake yote iko mabara ya Amerika tu, kwa hiyo hakuna mzee wa kwetu aliyetufundisha kuishi naye. Sasa sikiliza. Ukimfuata na jembe unamsogelea mnyama ambaye angebaki ametulia au angejiondokea zake, na watu kibao wanaumwa hivyohivyo, wakijaribu kumuua au kumshika. Hata ukimkata kichwa usikiguse, kile kichwa kinaweza kuuma na kutia sumu kikiwa kimeshatengana na mwili. Halafu sheria ya Utah inawalinda, huruhusiwi kumsumbua wala kumuua hivihivi, labda awe amehatarisha mtu kweli.

Lakini kinachoniuma zaidi ni pale mahali penyewe. Ule mteremko wenye mawe yaliyopasuka unaotazama kusini, unaopigwa na jua mapema, ndo aina ya sehemu wanakojificha baridi. Theluji ikija wanaingia ndani kabisa kwenye nyufa ambako barafu haifiki, wengi pamoja, mwaka baada ya mwaka wanarudi palepale, na humo wanachanganyika hata na nyoka wasio na sumu. Machipuo wanatoka kuota jua mlangoni kwanza, afu wanatawanyika kutafuta panya na kindi wa ardhini, na kwenye Septemba Oktoba wanaanza kurejea. Mwenye mimba yeye mara nyingi habanduki, anabaki kwenye mawe ya jirani anaota jua majira yote ya joto, anazaa watoto wazima sio mayai, na wadogo wanakaa naye siku kadhaa mpaka wajivue ngozi ya kwanza. Wanazaliwa na kifundo kimoja tu mkiani, hakitoi sauti, kila wakijivua kinaongezeka kipande kigumu cha kitu kilekile kinachotengeneza kucha zetu, ndo vile vipande vinagongana unasikia mlio kama kayamba inayotikiswa kwa hasira. Jike anachukua miaka kukomaa na hazai kila mwaka. Ukiua majike machache hapo mlangoni umeumiza ukoo mzima ambao huenda umekaa kwenye mwamba huo kabla hata mji haujajengwa, yaani hiyo mi siwezi kuinyamazia.

Na ni viumbe wa ajabu jamani. Kule kwenye ukame mvua ikinyesha anajikunja bapa kama sahani, maji yanatuama mgongoni mwake, anainamisha kichwa anayanywa. Usiku anamjua panya kwa joto la mwili, ana vitundu viwili usoni kati ya jicho na pua vya kazi hiyo.

Sasa kutembea tembea, usiogope. Tembea katikati ya njia, watoto wasikimbie mbele peke yao, mkono usiingie kwenye ufa wala chini ya jiwe usikoona kwa macho, gogo likanyage juu kwanza uone upande wa pili. Kwenye joto kali la Julai wanatembea zaidi jioni na usiku, kwa hiyo beba tochi. Ukisikia mlio simama, mtafute kwa macho alipo, halafu rudi nyuma taratibu. Ila usitegemee mlio, mara nyingi ananyamaza kabisa akitumaini hujamwona.

Akikuuma, usichanje, usinyonye, usifunge kamba, usiweke barafu wala zile dawa za kienyeji ambazo najua mama atakutajia kwenye simu. Vua pete na saa kabla mkono haujavimba, tulia, piga 911, namba ya dharura ya Marekani, mara moja, dawa ya kuzuia sumu iko hospitali na ndo inayofanya kazi. Marekani nzima wanaumwa na nyoka wenye sumu watu kama 7,000 mpaka 8,000 kwa mwaka na wanaokufa ni kama 5, kwa sababu wanawahi matibabu. Mimi nipigie baadaye ukishalazwa, nitapanda gari nije.