Mlibadilisha pampu, ugonjwa ulikuwa kwenye mpira

Morogoro

Kwa Meneja wa Huduma kwa Wateja,
Duka la Vipuri na Gereji,
Dar es Salaam.

Ndugu Meneja,

YAH: MALALAMIKO KUHUSU PAMPU YA MAFUTA MLIYONIUZIA NA KAZI MLIYOFANYA KWENYE VOLKSWAGEN GOLF YANGU

Husika na kichwa cha habari hapo juu. Mimi ni mwalimu mstaafu wa fizikia, mkazi wa Morogoro, na ni mteja wenu mwenye risiti ya EFD ya shilingi 1,180,000. Nakala yake nimeiambatanisha. Fedha hizo mlizipokea kwa kazi iliyoharibu gari lililofika kwenu na tatizo dogo. Nilipiga simu mara tatu kueleza, na mara ya tatu kijana wa mapokezi akanijibu, "Mama, gari lenyewe si limeshazeeka?" Baada ya jibu hilo nimeona niandike, ili habari nzima imfikie mtu mwenye mamlaka.

Gari ni Golf ya mwaka 1990, usukani kushoto, injini ya lita 1.8 yenye alama RP, nguvu za farasi 90. Marehemu mume wangu alilinunua Ujerumani alipokuwa masomoni, akalishusha bandarini Dar es Salaam mwaka 1993. Watoto wetu wote wamepelekwa shule kwa gari hilo. Sikuwaletea chuma chakavu. Nililileta gari linalotembea, ninalolijua kwa sauti yake.

Tatizo lilikuwa hili. Asubuhi injini ikiwa ya baridi, sailensa, yaani mzunguko wa injini bila kukanyaga mafuta, ilikuwa inapanda na kushuka yenyewe, kisha gari linazimika nikisimama kwenye makutano. Likishapata moto linatulia kidogo, ila likipiga misi mara mojamoja. Ulaji wa mafuta haukuwa umebadilika: Morogoro hadi Dar lilikuwa linakula lita 17 hivi, kama siku zote. Hayo yote nilimweleza mpokeaji wenu, naye akaandika kwenye fomu maneno mawili tu: "gari linazima".

Fundi wenu wa kwanza alikuja na mashine ya kupimia, akatafuta pa kuichomeka chini ya dashibodi, hakupaona. Nilimwambia, mwanangu, gari hili halina soketi hiyo. Soketi ya pini 16 ilikuwa lazima kwa magari ya Marekani kuanzia mwaka 1996, na kwa magari mapya ya petroli ya Ulaya kuanzia 2001. Hili ni la 1990. Alizunguka nalo nusu saa, kisha akaandika "kontroboksi imekufa", yaani kompyuta ya injini. Kwa kazi hiyo mlinitoza shilingi 100,000. Kontroboksi iliyokufa haiwashi injini, na mimi nilikuwa nimeliendesha gari hilo kutoka Morogoro asubuhi ileile.

Baadaye mkaja na habari ya pampu. Mliniambia pampu ya zamani ni dhaifu, na kwamba mnayo "ya kisasa" itakayoliboresha gari. Niliuliza ina presha kiasi gani. Nikajibiwa, "Kubwa kuliko hiyo, mama, ndiyo nzuri." Nilikubali, na hapo najilaumu, kwa sababu swali lenyewe nilikuwa nalo na jibu sikulidai.

Naomba fundi mkuu wenu asome sehemu hii taratibu. Mfumo uliomo kwenye gari langu unaitwa Mono-Jetronic, uliotengenezwa na Bosch. Una nozeli moja tu. Imekaa juu ya kipepeo cha throtoli, yaani kile kibati kinachofunguka kuingiza hewa ukikanyaga mafuta, pale ambapo magari ya zamani zaidi yaliweka kabureta, na inanyunyizia mafuta ya silinda zote nne. Kwa kuwa nozeli inanyunyizia juu ya kipepeo, haihitaji presha kubwa: bar moja hivi inatosha. Magari yenye nozeli nne, kila moja na mlango wake, mara nyingi yanatumia bar tatu au karibu na hapo. Pampu mliyoniuzia ni ya magari ya namna hiyo. Imeandikwa kwenye boksi lake, nimelihifadhi.

Mafuta katika mfumo huu hayaendi kwenye nozeli yakaishia hapo. Yanapita, yanaipoza nozeli, kisha regyuleta, kidhibiti cha presha kilichopo kwenye throtoli hiyohiyo, inaruhusu yanayozidi kurudi kwenye tangi. Regyuleta yangu ina miaka zaidi ya 30 na ilitengenezwa kwa pampu ndogo. Mkiilundikia mafuta mengi kuliko inavyoweza kurudisha, presha inapanda. Kontroboksi haina namna ya kujua kwamba presha imepanda. Inafungua nozeli kwa muda uleule iliozoea, au ikiupunguza basi ni kidogo tu, na kila inapofungua, mafuta yanatoka mengi zaidi.

Matokeo yake niliyaona barabarani. Niliweka mafuta Kimara, na nilipofika Chalinze mshale ulikuwa umeshuka kuliko kawaida. Sijawahi kuona hivyo tangu gari hilo liingie nyumbani kwetu. Nyuma kulikuwa na moshi mweusi hadi dereva wa fuso akaniwashia taa. Pale Chalinze likazimika na likakataa kuwaka. Nilikaa kwenye kibanda cha muuza mahindi kuanzia saa tisa alasiri hadi saa mbili usiku, nikisubiri gari la kunivuta. Nina umri wa miaka 67. Gharama ya kuvutwa ilikuwa shilingi 200,000, na risiti yake ipo pia.

Kesho yake, kabla sijamwita mtu, nilifungua plagi mwenyewe. Zote nne zilikuwa na masizi makavu, meusi kama sufuria ya kuni. Nikachomoa kijiti cha oili, nikanusa: kilinuka petroli. Oili iliyochanganyika na petroli inakula beringi, Ndugu Meneja. Ningeendelea siku chache, leo ningekuwa nawaandikia habari ya injini nzima.

Niliwapigia simu siku hiyohiyo. Jibu lilikuwa kwamba mfumo huo "hauna maisha" na kwamba mnaweza kunifungia kabureta kwa shilingi 600,000, au kunitafutia kontroboksi iliyotumika kwa 900,000. Yaani baada ya kuharibu, dawa ikawa kuniuzia tena.

Nilimwita fundi mmoja wa hapa Morogoro, mzee aliyezoea magari ya Ulaya. Hana mashine yoyote zaidi ya geji ya presha na multimita, kile kipimo cha umeme. Alianza kwa kufunga geji kwenye njia ya mafuta: ikasoma bar 1.7. Akacheka kidogo, akaniuliza, "Mwalimu, hii pampu nani kakuwekea?" Nashukuru nilisisitiza pampu ya zamani nirudishiwe. Aliirudisha, geji ikasoma bar moja kamili. Pampu mliyoiita dhaifu ilikuwa nzima.

Kisha akatafuta ugonjwa wenyewe. Injini ikiwa kwenye sailensa, aliishika throtoli kwa mikono miwili akainyanyua kidogo, kama mtu anayeinua kifuniko cha chungu kuona kama wali umeiva. Injini ikabadilika sauti papo hapo, na tukasikia mluzi mwembamba wa hewa. Alipoiachia, mluzi ukapotea. Akafungua boliti nne, akanionyesha. Chini ya throtoli kuna kikalio cha mpira kilichogandishwa kwenye bati, ndicho kinachoiunganisha na manifoldi, yaani mabomba ya kupeleka hewa kwenye silinda. Mpira ulikuwa umeachana na bati upande wa nyuma, ufa wa urefu wa kidole changu cha shahada, usioonekana kwa juu. Kwa joto, mvuke wa oili na miaka, mpira huo hukauka na kupasuka. Ni ugonjwa unaojulikana sana wa mfumo huu, na mtu yeyote anayeutengeneza angeanzia hapo.

Ufa huo unasumbua kwa sababu Mono-Jetronic haina kifaa cha kupima hewa inayoingia. Inakisia hewa kwa vitu viwili: kipepeo kimefunguka nyuzi ngapi, na injini inazunguka kwa kasi gani. Hewa inayoingia kupitia ufa inapita chini ya kipepeo, kwa hiyo kontroboksi haina habari nayo. Sensa ya oksijeni kwenye ekzosi inajaribu kurekebisha, lakini asubuhi ikiwa bado baridi haifanyi kazi, na ndiyo maana gari langu lilikuwa linazimika asubuhi na kutulia likipata moto. Dalili zote nilikuwa nimewaeleza.

Sensa hiyo ya oksijeni nayo ilikuwa nzima, niliipima. Mume wangu aliifunga mpya baada ya petroli yenye risasi kuondolewa nchini, maana ile ya kwanza iliuawa na risasi hiyo miaka ya tisini. Sensa ya joto la maji niliipima pia: kilo-omu mbili na ushei asubuhi, omu mia tatu na kitu injini ikiwa ya moto. Hivyo ndivyo inavyotakiwa. Vipimo hivyo viwili vilinichukua dakika kumi kwa multimita ya shuleni. Ninyi mlikaa na gari siku tatu.

Sasa nafika kwenye jambo linaloniuma kuliko pampu. Kwenye risiti kuna shilingi 250,000 za "kurekebisha throtoli". Ubavuni mwa throtoli kuna sensa inayopima nyuzi za kipepeo. Ndani yake mna njia mbili za kaboni: moja inasoma kutoka nyuzi 0 hadi 24, nyingine kutoka 18 hadi 90, ili pale kipepeo kinapofunguka kidogo tu, kipimo kiwe cha makini zaidi. Sensa hiyo iliwekwa kiwandani kwa vipimo, na haitakiwi kulegezwa kabisa. Ikiharibika, kinachobadilishwa ni sehemu nzima ya chini ya throtoli. Fundi wenu alilegeza skrubu zake, akaisogeza kwa macho, akazikaza tena. Alama za bisibisi bado zipo kwenye vichwa vya skrubu na picha nimeziambatanisha.

Kwa hiyo leo mpira mpya umefungwa, pampu ya zamani imerudi, moshi umeisha, ulaji wa mafuta umerudi karibu na ulivyokuwa, lakini nikikanyaga mafuta taratibu kutoka kusimama gari linasita, kama mtu aliyeshtuliwa usingizini. Halikuwa na ugonjwa huo kabla ya kuingia kwenye gereji yenu. Kitu alichokiweka mtengenezaji kwa vipimo, na mume wangu akakitunza miaka yote bila kukigusa, kimeharibiwa kwa bisibisi ndani ya dakika tano.

Sikatai kuboresha gari la zamani. Ningefurahi mngeniambia tubadilishe kikalio cha mpira, oringi za nozeli, filta ya mafuta, mipira ya mafuta iliyokauka, na tusafishe nyaya za ethi. Hayo yote ni kuboresha. Hata kuhamia nozeli nne kunawezekana, na Volkswagen wenyewe walikuwa nazo kwenye Golf GTI ya lita 1.8 yenye nguvu za farasi 112. Lakini huko kunataka manifoldi nyingine, nozeli nne, regyuleta yake, kontroboksi yake na nyaya zake. Kuchukua pampu peke yake na kuitia kwenye mfumo usio wake, kisha kumwambia mteja gari limeboreshwa, ni kumdanganya.

Ninachodai ni hiki. Mnirudishie shilingi 480,000 za pampu, nami nitairudisha ikiwa kwenye boksi lake. Mnirudishie 250,000 za throtoli na 100,000 za kipimo ambacho hakikufanyika. Shilingi 150,000 za kusafisha nozeli sizidai, kwa sababu kazi hiyo ilifanyika na fundi wangu amethibitisha kwamba nozeli inanyunyizia vizuri. Zile 200,000 za ufundi mnirudishie pia, kwani ufundi huo ndio uliolegeza skrubu. Mnilipe na 200,000 za kuvutwa kutoka Chalinze. Zaidi ya hapo, mnitafutie sehemu ya chini ya throtoli ya injini ya RP, iliyotumika lakini ambayo sensa yake haijaguswa, mniletee Morogoro. Kuifunga nitagharamia mwenyewe, na itafungwa hapa.

Nawapa siku 14 tangu mtakapopokea barua hii. Sipendi kuipeleka Tume ya Ushindani, lakini Sheria ya Ushindani ya mwaka 2003 inamlinda mnunuzi dhidi ya maelezo ya kupotosha, na boksi la pampu, fomu yenu, risiti na picha vyote ninavyo.

Kuna ombi moja ambalo halihusu fedha. Kijana aliyeshughulikia gari langu ana mikono mizuri, nilimtazama akifungua nozeli bila kukwaruza kitu. Hajui tu anachokigusa, kwa sababu hakuna aliyemfundisha. Mkikubali, mleteni Morogoro siku atakapoleta hiyo throtoli. Fundi mzee amesema atamwonyesha, nami nitaandaa chakula na multimita.

Wenu mteja,

Mwalimu mstaafu,
mwenye Golf nyeupe ya usukani wa kushoto

Viambatanisho: nakala ya risiti ya EFD, nakala ya fomu ya mapokezi, risiti ya kuvutwa, picha za boksi la pampu, kikalio cha mpira kilichopasuka na skrubu za sensa ya throtoli.